Kitu cha Kurudishwa

Watu wa Matsue wana msemo wao: sahau chakula chako cha mchana, usisahau mwavuli. Mvua ya huko haipigi hodi. Basi mtu akionekana mjini mwezi wa Novemba mikono mitupu, hakuna haja ya kumuuliza atokako. Ni mgeni, tena wa mbali, na mara nyingi anatoka Izumo, alikokwenda kuomba jambo lake wakati miungu wamekusanyika huko kupanga ndoa za watu.

Ndivyo Mzee Kasai alivyoingia katika duka la majani ya chai la akina Sugimori asubuhi ile, maji yakimchuruzika kwenye ncha ya pua. Alikuwa na miaka sabini na mmoja, mkulima wa matufaha kutoka Tsugaru, kaskazini kabisa ya nchi, na lafudhi yake ilikuwa nzito. Kohei Sugimori, mwenye duka, alimwomba arudie mara mbili ndipo akaelewa kwamba mzee hakuja kununua kitu. Anaomba tu kujibanza mpaka mvua ipungue.

"Jibanze, mzee wangu, jibanze," Kohei akasema. "Kwani kwenu hakuna miavuli?"

"Ipo. Ila kwetu mwezi huu tunangoja theluji, na theluji unaikung'uta tu, yanakwisha."

Itsuko, mkewe Kohei, alikuwa nyuma ya duka akichekecha majivu. Ilikuwa siku ya kufungua meko, ile siku moja ya mwaka ambayo watu wa chai, wale wanaoinywa kwa taratibu za kale, huweka kando jiko la kiangazi, wakafunua shimo la moto lililo katikati ya mikeka, na kualikana kwa chai ya kwanza ya majira ya baridi. Alikuwa amealika wageni wawili saa saba mchana, Bi Adachi na Bi Fukuma, na kichwani mwake hapakuwa na nafasi ya mgeni wa tatu.

Rafuni mwa duka palikuwa na mtungi wa kale wa chai, na kifuniko chake kilikuwa na maandishi ya burashi. Yalikuwa ya ule mwandiko wa zamani wa kukimbiza, ambao herufi zake zimeshikana na kuviringana mpaka mtu aliyesoma shule za siku hizi haambulii kitu. Kwa miaka thelathini Kohei alikuwa akiwaambia wateja kwamba ni shairi la bwana mmoja wa ngome.

"Shairi?" Mzee Kasai akasogeza miwani yake. "Hapa pameandikwa: 'Panya wameingia mara mbili. Funga sawasawa, mjinga wee.'"

Kohei akakitazama kifuniko upya. Nyuma ya duka chekecheo likanyamaza.

"Mzee, umejuaje kusoma haya?" Itsuko akauliza. Alikuwa ametokeza mlangoni, majivu mpaka kwenye nyusi.

"Kesi, mama. Kesi ya mpaka wa shamba na shemeji yangu. Yeye alikuwa na hati ya babu yake, mimi nina hati ya babu yangu, na hakuna aliyejua kuzisoma. Nikaingia darasa la wazee, kila Jumatano, miaka sita. Siku nilipoweza kuisoma ya kwangu, nikakuta imeandikwa shamba ni la shemeji."

"Lo! Pole."

"Pole ya nini? Nilimpelekea kwa mkono wangu. Sasa tunakunywa pamoja, na shamba tunalima pamoja. Ila ugonjwa umebaki. Nikiona mwandiko wa zamani siwezi kupita bila kuusoma, hata uwe wa kaburini."

"Na safari yako inaendelea lini?"

"Leo leo. Treni ya saa kumi na moja jioni."

Itsuko akarudi nyuma, akaketi juu ya ndoo iliyofudikizwa. Moyo ulikuwa ukimdunda kama wa msichana, naye alikuwa mtu mzima wa miaka hamsini na minane.

Juu ya kabati la chumba cha chai palikuwa na sanduku jembamba la mbao, na ndani yake hati ya kutundikwa ukutani. Ilikuwa ya mavyaa wake, mama yake Kohei, Bi Tatsu, aliyemfundisha chai na kila kitu kingine kwa ulimi mkali na jicho kali zaidi. Hati yenyewe ilikuwa barua, barua ya kweli, iliyoandikwa na mtawa mzee wa hekalu la mlimani, Mtawa Zuigan, na Bi Tatsu aliipeleka kwa fundi ikabandikwa juu ya hariri ya kijivu iliyo bora kuliko kimono yoyote aliyowahi kuvaa. Kila mwaka, siku ya kufungua meko, aliitundika kwenye kidaka cha heshima, kishubaka cha ukuta wa chumba cha chai, akaiinamia, kisha akamwamuru mkaza mwana wake naye aiinamie. Itsuko aliiinamia mara ishirini na tano. Hakuweza kuisoma. Lakini maneno matatu yalikuwa wazi hata kwa mtoto wa shule: "mkaza mwana", "chungu", "rudisha".

Mkaza mwana, chungu, rudisha. Mtu anahitaji kuelezwa nini tena? Siku hizo mke asiyewapendeza wakwe alirudishwa kwao kama samaki aliyechina, na hakuna aliyeuliza. Chai ya Itsuko, mwaka ule wa kwanza wa ndoa, ilikuwa chungu kweli. Alikuwa na mkono mzito wa kutia unga wa chai, na Bi Tatsu hakuacha kumwambia. Akajiunganishia mwenyewe. Mavyaa alimshtakia mtawa, mtawa akajibu kwamba mwari huyu hafai, arudishwe, na ingawa hawakumrudisha, hukumu yake ilivishwa hariri na kila mwaka akalazimishwa kuiinamia. Aliwahi kuuliza mara moja tu. Bi Tatsu akamjibu bila kugeuka, "Siku utakayoweza kuisoma, utakuwa umenishinda."

Kisha Bi Tatsu akaugua. Itsuko alimwogesha, akamlisha, akamgeuza kitandani miaka minne, na kila siku ya meko akamwinua aiinamie hati yake, bila kusikia neno lolote la kumwambia kama amewahi kutakiwa katika nyumba ile au la. Mavyaa akafa nalo. Tangu mazishi, miaka tisa, hati haikutoka sandukuni.

Na kumuuliza mtu wa mjini haikuwezekana. Matsue nzima aliyejua mwandiko ule ni bwana mmoja wa makumbusho, na bwana huyo ni binamu yake Bi Adachi, na kumwambia Bi Adachi jambo ni kulipigia mbiu. Lakini huyu mzee wa matufaha angepanda treni saa kumi na moja, na siri angeondoka nayo mpaka kwenye theluji.

Itsuko akapangusa nyusi, akatoka.

"Mzee Kasai, utakunywa chai nasi mchana?"

"Ya kikombe, au ile ya kukalia magoti?"

"Ya kukalia magoti."

"Mama, mimi sijui hata bakuli linashikwa wapi."

"Haidhuru."

"Basi naja. Aibu ya safarini huachwa safarini, si ndivyo wasemavyo?"

Ndivyo wasemavyo, na Itsuko aliusikia msemo huo tangu utoto. Hakuwahi kufikiri kwamba unaweza pia kufanya kazi kinyumenyume, mwenyeji akampa msafiri aibu yake aibebe aondoke nayo. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Mpango wake ulikuwa mwepesi: watakunywa chai, akina Bi Adachi wataaga, kisha atamfungulia mzee lile sanduku, wao wawili tu.

Mzee alitaka kwanza kwenda kuliona ziwa. Kohei akanyoosha mkono kwenye mwavuli mkubwa wa karatasi ya mafuta uliotundikwa ukingoni mwa mlango tangu enzi na enzi, mwavuli wa kizamani, alama yake imefifia.

"Ule?" Itsuko akashtuka. "Unataka mama yako afufuke?"

Kohei akacheka, akaurudisha mkono. Ni kweli, Bi Tatsu hakuruhusu mtu yeyote aufungue mwavuli ule, iwe masika au kiangazi, wala hakusema kwa nini. Mzee akapewa wa plastiki.

Itsuko akaliteremsha sanduku jembamba, akaliweka kando ya kidaka ili liwe karibu. Sanduku la hati aliyoitundika siku hii tangu mavyaa afe, picha ya msonobari, lilikuwa pale pale upande wa pili. Akapanda ngazi kwenda kuvaa, na kutoka juu akamwita mumewe.

"Baba Naoki! Nitundikie hati iliyo kwenye sanduku!"

"Nimesikia, mama!"

Kohei alisikia. Aliishi na watu wa chai maisha yake yote, na alichojifunza ni kwamba usiulize maswali mengi. Aliona masanduku mawili, akachukua lililokuwa karibu zaidi na msumari.

Saa saba Itsuko alikuwa ndani ya chumba kidogo cha kuandalia vyombo nyuma ya mlango wa karatasi, bakuli mikononi, akisikiliza wageni wakiingia. Akasikia pia vita vya kawaida. Katika chumba cha chai mahali pa kwanza, karibu na kidaka, hapana anayepataka, maana akaaye hapo ndiye msemaji wa wenzake. Yeye huuliza, yeye husifu, na akikosea wote wanasikia.

"Kaa wewe, dada," ilikuwa sauti nyembamba ya Bi Adachi.

"Mimi? Nani kasema! Wewe ulianza chai kabla sijazaliwa," akajibu Bi Fukuma, mama mnene mwenye duka la vitamutamu.

"Unanizeesha sasa? Tumepishana miaka miwili!"

"Basi miaka miwili hiyo ndiyo inayokaa mbele."

Kisha hatua nzito zikapita juu ya mikeka. Itsuko alielewa. Mzee Kasai, aliyekuwa akitetemeka kwa baridi ya ziwani, alikuwa amekwenda moja kwa moja kukaa mahali pa kwanza, karibu na moto.

"Hapo hapo, mzee, umepatia kabisa!" wanawake wawili wakasema kwa pamoja, kwa sauti tamu ya watu waliookoka.

Halafu kikaja kicheko. Kilikuwa kicheko cha Mzee Kasai, kizito, cha tumboni, kilichoanza chini na kupanda.

"Unacheka nini, mzee?" Bi Adachi akauliza.

"Barua."

Barua gani, Itsuko akajiuliza. Akausogeza mlango, akainama mpaka paji la uso likagusa mkeka, akainua kichwa, na kwenye kidaka akaiona hariri ya kijivu.

Chai ikishafunguliwa mlango haina kurudi nyuma. Huwezi kusema "samahani, subirini," ukaenda kubadilisha hati. Miguu yake iliingia, magoti yakakunjika mbele ya meko, mikono ikapanga vitu vyake mahali pake kama ilivyofundishwa. Kichwa peke yake ndicho kilichokuwa kinapiga kelele. Kwenye ufa wa mlango aliliona jicho la Kohei, akalitupia jicho lake, na jicho la Kohei halikuelewa kitu.

Uji mtamu wa maharage mekundu ukaletwa. Mzee Kasai akaumaliza kwa mara mbili, akauliza kama kuna mwingine. Hakuna aulizaye hivyo katika chai, lakini Bi Fukuma, ambaye vitumbua vya mchele vilivyomo vilitoka dukani kwake, akafurahi, akampa bakuli lake.

"Mzee," Bi Adachi akamnong'oneza, kwa mnong'ono wa kusikika na wote, "mgeni wa kwanza ndiye huuliza habari za hati."

"Niulize nini? Si imeandikwa pale."

Kosa lilikuwa hapo. Watu wa chai huitazama hati kwa heshima, wakavuta pumzi, wakasema "naam". Ni wachache mno wanaoweza kuisoma, na si adabu kuuliza ni nani. Sasa wanawake wawili wakaanza kuitazama kwa macho ya kusoma.

"Hata mimi naona neno moja," Bi Fukuma akasema, amenyoosha shingo. "'Mkaza mwana'."

"Na pale 'rudisha'," Bi Adachi akasema polepole, uso wake umechangamka kama wa paka aliyesikia harufu ya kome. "Itsuko, dada yangu, si ndiyo ile aliyokuwa akiitundika mama mkwe wako?"

Itsuko alikuwa ameshika upawa wa mwanzi, umejaa maji ya moto. Ulikuwa unatikisika, na matone yakaanguka juu ya majivu, yakalia.

Mzee Kasai aliuona upawa ule. Alikuwa mshamba wa chai, si mshamba wa watu. Akavua miwani.

"Mama," akasema, "hii ni barua ya watu. Ukitaka niisome, nitaisoma. Usipotaka, leo miwani yangu imeingia ukungu wa ziwa, sioni hata pua yangu."

Itsuko aliyatazama matone yakikauka majivuni. Angeweza kukubali ule ukungu, na angemshukuru mzee maisha. Lakini Bi Adachi alishapata maneno mawili, na kabla jua halijazama mji wote ungekuwa umejitungia barua yake. Tena kulikuwa na jambo jingine, kubwa kuliko Bi Adachi. Alikuwa amechoka. Miaka thelathini na minne ni mingi kumwogopa mtu, na tisa kati yake mtu mwenyewe yumo kaburini. Kama aliandikwa kuwa hafai, basi asikie ameandikwa nini hasa, neno kwa neno, akiwa amekaa mbele ya meko aliyoyachekechea majivu mwenyewe.

Akaurudisha upawa juu ya birika.

"Soma, mzee. Yote. Usiruke."

Mzee akavaa miwani, akakohoa, akasoma kwa sauti ya karani wa mahakama.

"'Tatsu. Barua yako nimeipata, na figili pia. Figili ni tamu. Barua ni chungu. Unasema mkaza mwana wako ana mkono mzito, na kwamba masika ukimrudisha kwao hutapata lawama. Juzi ulipomtuma huku nilimwambia anipigie chai. Ni kweli, mkono ni mzito. Jino langu lililokuwa likiniuma siku tatu lilinyamaza kwa woga.'"

Bi Fukuma alitoa sauti ndogo puani, akaimeza. Itsuko alikuwa ameinamisha kichwa, mikono mapajani, akingoja pigo.

"'Lakini aliponiona nimekunja uso, alicheka. Akafunika mdomo, akaomba radhi, akacheka tena. Nimekunywa chai nyumbani kwako miaka kumi na minane, Tatsu, chai safi isiyo na dosari, na sijamsikia mtu akicheka hata siku moja, si marehemu mumeo, si mwanao, si wewe. Uchungu wa chai unapungua ukipunguza kijiko. Wako wewe utaupunguza na nini? Kama una hamu ya kurudisha kitu, rudisha mwavuli wangu, uliouazima tangu mvua za mwezi wa sita. Mkaza mwana mwache. Zuigan. Siku ya tatu, mwezi wa kumi na mbili.'"

Birika likaendelea kuvuma peke yake.

Itsuko aliikumbuka siku ile. Ilikuwa imetoweka kabisa, na sasa ilirudi na baridi yake na harufu yake ya ubani: mtawa mzee asiye na meno ya mbele, amekunja uso wote kama soksi, na yeye mwenyewe, msichana wa miaka ishirini na minne, akishindwa kujizuia. Alikuwa mchekaji zamani. Alikuwa amesahau hata hilo.

Halafu jambo la pili likamfikia, polepole, kama joto la meko linavyofika kwanza magotini. Aliyekuwa akigombezwa katika barua ile si yeye. Kila mwaka, mara ishirini na tano, Bi Tatsu alitundika karipio lake mwenyewe katika mahali pa heshima kuliko pote nyumbani mwake, akalivisha hariri, akaliinamia mbele ya mkaza mwana wake. Siku utakayoweza kuisoma, utakuwa umenishinda. Mwanamke yule hakuwa na mdomo wa kusema samahani, Mungu alimnyima. Alichokuwa nacho ni mgongo wa kuinama, akautumia.

"Kumbe ni Bi Tatsu!" Bi Adachi akapasuka. "Kumbe yeye ndiye aliyekuwa anachambwa!"

"Na sisi sote tukiinama!" Bi Fukuma akasema. "Mimi niliwahi kulia mbele ya barua hii. Nilidhani ni mafundisho!"

"Uliiambia hadhara nzima kwamba imekugusa moyo!"

"Ilinigusa! Sikujua inasema figili!"

Itsuko alicheka. Kicheko kilimtoka bila ruhusa, akafunika mdomo, akaomba radhi, na alipomwona Mzee Kasai amekodoa macho juu ya miwani yake akacheka tena mpaka machozi yakamdondoka kwenye kimono. Alilia pia, katikati yake, na hakuona haya. Alijihisi mwepesi, mwepesi kama mtu aliyetua mzigo wa kuni akagundua kwamba njia nzima alikuwa amebeba kuni za mtu mwingine.

Mlango wa karatasi ukasogea. Mwenyeji wa nyuma hatakiwi kuonekana, lakini Kohei aliingia na soksi zake, ameushika mikononi ule mwavuli wa mlangoni.

"Huu?" akauliza.

Mzee Kasai akaugeuza kwenye mwanga, akaifuata alama iliyofifia kwa kidole. "Ni wa hekalu. Hili hapa jina la mlima."

"Mtawa Zuigan alifariki mwaka ule ule," Kohei akasema. "Siku chache kabla ya mwaka mpya. Nakumbuka mama alipopata habari alikaa mlangoni mchana kutwa. Nilidhani anaitazama mvua."

Hata Bi Adachi alinyamaza, na hilo Matsue halijawahi kuandikwa.

Wa kwanza kuzungumza alikuwa Mzee Kasai, aliyekuwa akijikandakanda mapaja. "Mama, sitaki kuharibu mambo, lakini miguu yangu imekufa zamani, na chai bado sijaiona."

"Uuu! Nisamehe, mzee!"

Itsuko akafunua kichombo cha unga. Kwa miaka thelathini na minne alikuwa amepima kwa hofu: kijiko kimoja na nusu cha mwanzi, kisizidi, akikigonga ukingoni mara mbili kupunguza. Chai yake ilikuwa imekuwa safi, haina dosari, na, ukweli usemwe, ilikuwa kama maji ya kuoshea mchele. Alitia kijiko kimoja. Alitia cha pili. Akaitazama ile hariri ya kijivu, akatia cha tatu, cha kujaa, bila kukigonga. Akamimina maji, akaichapa chai mpaka povu likapanda kijani kibichi, akaweka bakuli mbele ya mgeni wake.

Mzee Kasai alilishika kwa mikono miwili kama mtu anayepokea kifaranga. Alisahau kulizungusha. Akanywa funda moja kubwa, na uso wake wote, kuanzia kidevuni hadi kwenye kipara, ukakunjamana.

"Vipi, mzee?" Bi Fukuma akauliza.

"Jino," mzee akasema kwa shida. "Jino limenyamaza."

Walicheka wote watano, na kicheko kikatoka mpaka dukani, ambako mteja mmoja aliyekuwa akingoja kupimiwa majani ya chai alisimulia baadaye kwamba kwa akina Sugimori siku ile palikuwa na harusi.

Saa kumi Mzee Kasai aliaga. Alipewa mwavuli wa plastiki awe wake, na pakiti ya majani ya chai kwa ajili ya shemeji. Mlangoni Itsuko alimwinamia kwa muda mrefu.

"Nilitaka uondoke na aibu yangu, mzee."

"Ningeibeba, mama. Lakini nimetafuta mzigoni siioni." Akafungua mwavuli. "Mjukuu wangu anaolewa mwakani, miungu wakipenda. Nitamwambia ajifunze kucheka kwanza, chai baadaye."

Akamtazama mpaka mzee alipopinda penye daraja. Bi Adachi na Bi Fukuma nao walishaondoka, wanakimbilia mjini na habari yao, na kwa mara ya kwanza katika maisha yake Itsuko alitaka wakimbie zaidi. Akarudi ndani. Kohei alikuwa ameusimamisha ule mwavuli wa karatasi ukutani na kuutazama, mikono nyuma.

"Mtawa wa sasa ni mtu mwema," akasema. "Kesho nina mzigo wa kupeleka upande ule. Niupitishe hekaluni?"

"Nini?"

"Mwavuli. Si imeandikwa urudishwe?"

Itsuko akauchukua, akaupangusa vumbi kwa mkono wa kimono, kisha akautundika palepale pa siku zote, kwenye ukingo wa mlango.

"Thubutu!" akasema. "Hapa kwa Bi Tatsu hakirudishwi kitu."